Bibi Kopo na Watu wa Matunda

Jiko la shule ile ya chekechea lilikuwa na dirisha moja pana lililotazama uwanja wa bembea. Watoto walijua kwamba ukipanda juu ya tofali na kuchungulia, utamwona Bibi Kopo kazini. Jina hilo walimpa wao wenyewe. Kila mwisho wa muhula alikuwa akifungua makopo ya pichi na peasi, na makopo matupu hakuyatupa. Aliyatoboa chini, akapanda kotimiri na maua, akayapanga nje ya mlango wa jiko mpaka ukuta ukajaa. Mwalimu mkuu alimwita Mama Mpishi. Watoto walisema Bibi Kopo, naye aliitika bila kununa.

Siku za kawaida alipika kama jiko lolote la shule linavyopika: uji asubuhi, maharage mchana, na kelele nyingi katikati. Lakini siku ya kufunga shule hakuwasha jiko kabisa. Siku hiyo alitengeneza watu.

Alianza na jani la saladi, akalitandaza kwenye sahani kama zulia. Juu yake akalaza nusu ya pichi ya kopo, mgongo juu, ikawa uso. Macho yalikuwa zabibu kavu. Mdomo ulikuwa ukanda mwembamba wa tufaha lenye ganda jekundu, na nywele zilikuwa karoti iliyokunwa, za msokoto au za kusimama wima kama za mtu aliyeamshwa ghafla. Duara la nanasi likawa tumbo, ndizi zikawa mikono na miguu, na kwa wasichana waliopenda kujipamba jani la pili lilikunjwa likawa sketi. Kulikuwa na sungura pia: nusu ya peasi, masikio ya lozi, na mkia wa mtindi uliochujwa kwenye kitambaa usiku kucha ukaganda. Hakuna sahani iliyofanana na mwenzake. Kama ulikuwa mtoto mwenye pengo, mtu wako alikuwa na pengo. Kama ulivaa miwani, mtu wako alivaa miwani ya pete mbili za ganda la chungwa.

Ufundi huo hakuzaliwa nao. Alifundishwa akiwa msichana na mpishi mmoja mzee, mwanamume mnene aliyekuwa amepika miaka mingi kwenye behewa la chakula la treni, enzi ambazo matunda ya kopo yalikuwa ya wakubwa na kila sahani ilipaswa kutoka jikoni imevaa vizuri. Mzee yule alikuwa akiwatengenezea sungura watoto wa abiria ili watulie safari ndefu. "Mtoto anakula kwa macho kwanza," alimwambia. "Ukiyashibisha macho, tumbo halina neno." Mtindo huo ulishapitwa na wakati, hata makopo yenyewe watu waliyaona mambo ya kale, lakini Bibi Kopo hakuuacha. Alisema nguo ya zamani ikifuliwa vizuri inavaliwa.

Kiharusi kilimkuta mle mle jikoni, akiwa ameshika upawa. Kwanza upawa ulianguka, akaushangaa. Akainama auokote, mkono ukakataa. Alipotaka kumwita msaidizi wake, sauti ikatoka imepinda, kama ya mtu anayeongea na chakula mdomoni. Alilazwa hospitali, na aliporuhusiwa ulimi ulikuwa umerudi karibu wote, mguu ukawa wa kuburuza kidogo, lakini mkono wa kulia ulikaa mapajani kama mgeni asiyejua ataondoka lini. Shule ikamuaga kwa hotuba na saa ya ukutani. Mwanawe wa pekee, fundi bomba, akaja na gari la kuazima, akabeba sanduku lake na makopo machache ya kotimiri, akamhamishia kwake.

Nyumba ya fundi bomba ilikuwa ya vyumba vitatu, safi, na mabomba yake hayakuvuja, jambo ambalo alipenda kuwakumbusha wageni. Aliishi humo na mkewe, aliyekuwa mkata tiketi kwenye kituo cha mabasi, na binti yao wa pekee, mtoto wa darasa la kwanza aliyeongea tangu anafumbua macho mpaka anapoyafumba. Walimwita Chiriku, na waliomsikia mara moja hawakuuliza kwa nini.

Mkata tiketi alimpokea mama mkwe wake kwa moyo mweupe. Hilo lisemwe wazi, maana watu wakisikia mkwe na mkwe chini ya paa moja huanza kunoa masikio. Alimpa chumba chenye jua la asubuhi. Alimwogesha bila kukunja uso. Alimpikia chakula laini, akampimia dawa, akamkumbusha kufinya kile kipira cha mpira alichopewa na mtaalamu wa viungo. Na kila Bibi Kopo alipojaribu kunyanyuka, alisikia sentensi ile ile.

"Mama, kaa. Pumzika. Mimi nipo."

"Nataka kuosha kikombe changu tu, mwanangu."

"Nitaosha. Wewe pumzika."

Mwanzoni ilikuwa raha. Baadaye ikawa kama kula asali kwa bakuli. Bibi Kopo alikaa kitini, akatazama wenzake wakifagia, wakimenya, wakikuna, wakikosea kukuna, akameza maneno. Siku moja glasi ilimponyoka mkono wa kushoto ikapasuka. Hakuna aliyemgombeza. Ila jioni yake mkwewe alirudi kazini na kikombe cha plastiki chenye kifuniko na mdomo wa kunyonyea, rangi ya waridi, na akakiweka mezani mbele yake kwa upendo kabisa.

Bibi Kopo akakitazama kile kikombe. "Asante, mwanangu," akasema. Akanywa. Usiku alilia kidogo, kwa sauti ya chini, akahakikisha hasikiki.

Chiriku ndiye aliyevuruga utulivu huo, na hakuukusudia. Alikuwa amesimuliwa na bibi yake habari za watu wa pichi, za sungura wenye mikia ya mtindi na mwanamke wa peasi mwenye mwavuli wa chungwa, na habari hizo hazikuweza kukaa kifuani mwake. Alizipeleka darasani. Kule, kama ilivyo kawaida ya habari, zilikua. Mwishowe alitangaza kwamba Jumamosi wote waje kwao, bibi atamtengenezea kila mtu mtu wake.

Mama yake alizipata habari hizo akiwa dirishani kwenye kibanda cha tiketi. Mama wa mtoto mmoja wa darasa la kina Chiriku alikuja kukata tiketi, akaipokea, kisha akainama kwenye kile kitundu cha kioo.

"Basi tutaonana Jumamosi. Wangu halali, anaota sungura. Nije na sahani au mnazo?"

"Sahani za nini, dada?"

"Si za ile sherehe ya matunda? Au nimekosea nyumba?"

Mkata tiketi alitabasamu mpaka mashavu yakamuuma, na mteja aliyefuata akapewa tiketi ya mji asioutaka.

Jioni ile Bibi Kopo, akiwa chumbani, alisikia yote kupitia ukuta.

"Nani alikutuma uwaalike watu?"

"Hakuna."

"Bibi ni mgonjwa, unajua?"

"Si mgonjwa. Ni mkono tu ndio mgonjwa."

"Usinijibu hivyo! Bibi hawezi. Unanielewa? Hawezi tena. Kesho utawaambia wenzako kwamba hakuna kitu."

Chiriku alikwenda kulala kabla ya kuambiwa. Na upande wa pili wa ukuta, neno lile hawezi lilikuwa limemchoma Bibi Kopo kuliko sindano zote za hospitali, kwa sababu lilisemwa bila ubaya wowote, kama mtu anavyosema nje kuna jua.

Siku iliyofuata, nyumba ilipobaki na yeye peke yake, aliingia jikoni. Alitoa tufaha, akalilaza juu ya ubao, akachukua kisu kwa mkono wa kushoto. Mkono wa kulia akaubeba kama mzigo, akauweka juu ya tufaha lisibingirike. Kipande cha kwanza kikatoka, kinene kama kabari ya mlango, lakini kikatoka. Akacheka peke yake. Kipande cha pili, tufaha likateleza, kisu kikaingia kwenye kidole cha mkono usiohisi. Hakusikia maumivu. Aligundua alipoona ubao umekuwa mwekundu.

Mkwewe alimkuta amefunga kidole kwa kitambaa cha vyombo, akijitia hamnazo. Haikusaidia. Jeraha halikuwa kubwa, lakini mkata tiketi alilisafisha mara tatu. Alipomaliza, alikusanya visu vyote, hata kile butu cha kupakia siagi, akapanda kigoda, akaviweka juu kabisa ya kabati.

Bibi Kopo aliketi akimtazama. Safari hii hakumeza maneno.

"Mwanangu," alisema, "shuka kwenye hicho kigoda uketi."

"Mama, nina kazi..."

"Keti."

Akaketi.

"Unanitunza kama yai. Kwa hilo Mungu akulipe, maana wapo wanaotupwa. Lakini yai likitunzwa sana, halivunjwi wala halilaliwi, mwisho wake linaviza. Mimi naviza, mwanangu. Hapa kitini naviza."

Mkata tiketi akaanza kulia, si kilio cha kukasirika, bali kile cha mtu aliyebeba ndoo mbali sana na sasa ameitua.

"Mama yangu alianguka bafuni," alisema. "Alinifukuza niende kazini. Aliniambia yeye si mtoto, atajiosha mwenyewe. Mimi nikafurahi, nikajua amepata nguvu. Nilirudi jioni nikamkuta pale pale. Nikisikia unanyanyuka kitini, namwona yeye. Nikiwa kibandani nakata tiketi, namwona yeye. Sasa na wewe unanitolea damu jikoni mwangu."

Bibi Kopo alikuwa akijua kwamba mkwewe alifiwa na mama kabla ya kuolewa. Jinsi alivyofiwa hakuwahi kuambiwa, wala hakuwahi kuuliza. Alimvuta kwa mkono mzima, akamlaza kichwa begani, naye akaachia kilio chote.

"Sikujua," alisema. "Pole, mwanangu. Pole sana. Kumbe tulikuwa tunaogopa wote wawili, kila mtu kwenye chumba chake."

Walikaa hivyo mpaka sufuria iliyokuwa motoni ikaanza kunukia kuungua, na mkata tiketi akaruka kuiepua. Alipogeuka, akajifuta pua kwa kanga yake.

"Haya. Ukiwa na mikono yangu, Jumamosi unaweza?"

"Na wewe ukiwa na mdomo wangu, utavumilia?"

"Nimekaa kwenye kibanda cha tiketi mwaka wa nane, mama. Mdomo gani utanishinda?"

Asubuhi ya Jumamosi ndipo alipoujua mdomo wenyewe. Bibi Kopo akiwa kazini hakuwa yule wa kitini. Aliketishwa kwenye kichwa cha meza, kitambaa kimefungwa kichwani, akatoa amri kama nahodha.

"Usikandamize pichi, si nguo ya kufua. Ishike kama shavu la mtoto. Ndizi kata mwisho, na ukikata tu kamulia limau, vinginevyo itakuwa nyeusi tuonekane tumewapa watoto magongo. Jani hilo lina maji! Likaushe, zulia likiwa na maji mtu atateleza."

"Mama, huyu mtu ni tunda."

"Mpaka sasa. Mtie macho uone."

Mkata tiketi alikuwa na mkono mnyoofu na jicho la kupima. Nyuso zake zilitoka sawasawa, macho mstari mmoja, mdomo mstari mmoja, mfululizo wa watu wakavu waliokutazama kana kwamba umekuja bila tiketi. Fundi bomba aliingia, akazitazama sahani zile zilizopangwa, akamtazama mkewe.

"Hawa wote umewazaa wewe," alisema. "Naona kabisa wananidai nauli."

Alitupiwa ganda la chungwa likamkosa kidogo. Kwa adhabu akapewa kazi ya kumenya lozi zilizolowekwa, na baada ya muda akawa amejiundia mbwa wa ndizi ambaye hakuna aliyemwomba, na ambaye kila mtu alikubali kuwa alifanana na ng'ombe.

Ndipo Bibi Kopo akasogeza bakuli la zabibu kavu mbele yake. "Macho nitatia mimi."

Mkwewe alisita, kisha akasogeza na sahani. Mkono wa kushoto haukuwahi kufanya kazi ndogo hivyo. Ulitetemeka. Jicho lililokusudiwa chini ya karoti lilitua karibu na shavu. Lingine likapanda kwenye paji. Alijaribu kulirekebisha likaenda mbali zaidi. Alipomaliza sahani ya kwanza, alikuwa na mzee wa pichi mwenye jicho moja linatazama dari na lingine linatafuta kitu kilichoanguka. Alimwangalia, akaisukuma sahani kando.

"Wameharibika," alisema kwa sauti ndogo. "Nimewaharibu."

Mkata tiketi alikuwa anamtazama yule mzee. Akaziba mdomo. Mabega yakaanza kumtikisika, na alipoondoa mkono, kicheko kilitoka kwa nguvu hadi akashika meza.

"Mama! Huyu... huyu ni yule mzee anayekuja kituoni kila siku kuuliza basi limeondoka, na basi liko mbele yake!"

Bibi Kopo akamwangalia tena mzee wake. Kweli alikuwa anatafuta basi. Wakacheka wote wawili, mpaka fundi bomba akaacha lozi zake akaja kuona, na Chiriku, aliyekuwa amekatazwa kuingia, akagonga mlango kwa mateke akidai haki yake. Waliendelea hivyo: mkwe anaunda, mama anatia macho. Watu waliofuata hawakuwa wakavu tena, walikuwa hai. Mmoja akakonyeza. Mmoja akawa kama amesikia siri. Sungura mmoja akawa na wasiwasi wa maisha.

Watoto walikuja mchana, maana Chiriku hakuwahi kuwaambia kwamba hakuna kitu, wamepakwa mafuta wanang'aa, kila mmoja na mzazi wake au dada yake mlangoni. Walipoona meza waliikimbilia. Kisha mmoja akasema, "Huyu ananiangalia!" na kelele zikaanza. Walifanya kile ambacho Bibi Kopo hakukitegemea: waligombea waliopinda. Wale wachache walionyooka, waliotengenezwa kabla ya zabibu kuhamia kwake, walibaki mwisho, wakaliwa kwa huruma.

Msichana mmoja mwenye misuko alikataa kabisa kula. Aliikumbatia sahani yake machozi yakimlengalenga. "Nikimla atakufa."

Wazazi wakaanza kucheka. Bibi Kopo hakucheka. Alimwita karibu, akamkagua yule mtu wa pichi kwa makini.

"Huyu? Huyu anakwenda safari. Tumboni mwako ndiko kwao. Angalia jicho lake, mbona linaangalia mdomo wako tangu zamani? Ila usimharakishe. Anza na viatu."

Mtoto alifikiri, akala mguu mmoja wa ndizi. Akafikiri tena, akala wa pili.

Mvulana mdogo mwenye mafua alikuwa amesimama pembeni ya kiti, si kwa ajili ya matunda. Alikuwa anautazama mkono wa kulia, uliolala mapajani na kidole chenye bandeji.

"Bibi, mkono wako umelala?"

Mkata tiketi akashtuka, akataka kuingilia. Bibi Kopo alimzuia kwa macho.

"Umelala, mjukuu wangu. Ulifanya kazi sana, sasa hautaki kuamka."

"Umeuita?"

"Nauita kila asubuhi. Mvivu kweli."

Mvulana aliuinamia ule mkono, akauweka mdomo karibu, akanong'ona neno ambalo hakuna aliyelisikia. Kisha akapangusa kamasi akarudi kwenye sungura wake.

Mkono haukuamka. Ingekuwa vizuri kusema uliamka, lakini haukuamka, isipokuwa kwamba baada ya miezi mingi ya kufinya kile kipira kidole gumba kiliweza kushikilia jani la saladi lisipeperuke, na Bibi Kopo akalihesabu hilo kuwa ni kazi. Kikombe cha waridi alipewa mwanasesere wa Chiriku. Visu vilishuka kutoka juu ya kabati, na fundi bomba alitengeneza ubao wenye misumari miwili ya kushikilia tunda ili lisiteleze. Bibi alianza kujiosha mwenyewe, kwa masharti: mlango usifungwe kwa ndani, na aimbe muda wote ili mkwewe amsikie. Hakuwa na sauti nzuri, wala nyimbo nyingi, na majirani walivumilia.

Pale shuleni mpishi mpya, dada mwembamba mwenye haraka, alisikia habari na kuja kumwomba. Bibi Kopo akawa anapelekwa kila mwisho wa muhula, akaketi kwenye jiko lake la zamani, akagomba.

Na yeye na mkwewe wakaanza kugombana, jambo ambalo mwaka wa kwanza halikuwahi kutokea. Waligombania chumvi, waligombania pazia, waligombania kama sungura anastahili masharubu. Fundi bomba aliliona hilo kama dalili njema, akawa anatoka nje kimya kimya akisikia linaanza.

Siku za mapumziko ya mkata tiketi walikwenda sokoni pamoja, polepole, mmoja kamshika mwingine kiwiko. Bibi Kopo alinusa mapapai kwenye kikonyo na kugonga matikiti kwa kifundo cha kidole cha mkono wa kushoto. Muuza matunda alilalamika kwamba bibi huyu anapiga hodi kwenye kila tikiti na haingii lolote. Mkata tiketi aliinama, akaweka sikio kwenye tikiti lililofuata, akafumba macho.

"Hili," alisema.

Bibi Kopo akaligonga. Akasikiliza. "Hapana. La pembeni yake."

"Hili, mama."

"La pembeni."

Walinunua yote mawili, wakarudi nyumbani bado wanabishana.